Nchi ya Nyuma ya Kiti

Asani alikuwa anaupaka mlango rangi ya buluu Claudine alipoingia kwa uani bila kubisha hodi. Mlango wenyewe haukuzidi ukubwa wa kiganja. Ulikuwa mlango wa nyumba ya marehemu mama yake, kule Kasongo, na nyumba hiyo alikuwa ameichora upande wa kushoto wa pazia kubwa la amerikani lililofunika ukuta mzima wa studio. Mbele ya pazia palikuwa na kiti kimoja cha mbao. Watu wa mtaa walikuja, wakakaa au wakasimama pale, na Clément, mwenye studio, akawapiga picha wakiwa na nchi ya Asani nyuma yao.

"Patron iko?" Claudine aliuliza.

Alikuwa mshonaji nguo, msichana mpole ambaye siku zote alijifunga kitenge chake kwa unadhifu. Asubuhi hiyo kilikuwa kimekaa upande. Clément alitoka kwenye chumba cha giza akijifuta dawa mikononi, akamwona, akaenda kufunga mlango wa mbele.

"Bantu ya serikali balikuya kwangu," Claudine alisema. "Balibeba picha ya Lucien."

"Ile ulichukua hapa?"

"Njo ile. Sikuwa na ingine."

Nje, mtu alipita na baiskeli inayolia mnyororo.

Lucien alikuwa mchumba wake, mwalimu wa shule ya msingi. Kosa lake lilikuwa kaka. Kaka huyo alikuwa amevuka kwenda Angola zamani pamoja na askari wa Katanga, na mwezi wa tano, vita vilipoingia Kolwezi, mtu mmoja alidai kumwona kati ya wale waliokuja na bunduki. Tangu hapo walichukuliwa wanaume wa familia hiyo, mmoja mmoja, na hawakurudi. Ilidhaniwa Lucien alikimbia siku zilezile za vita. Kumbe alikuwa Naviundu, nje kidogo ya Lubumbashi, amejificha katika nyumba ya shangazi, akingoja njia. Njia ilikuwa imepatikana. Mumba, jirani ya Asani, aliendesha lori la kuleta unga kutoka Zambia, na kesho alfajiri angevuka mpaka wa Kasumbalesa na msaidizi mpya mwenye karatasi za mtu mwingine. Kabla ya safari hiyo Lucien alitaka kumwachia mchumba wake sura yake. Alikuja studio jioni moja, kofia imeshushwa hadi machoni, akaivua kwa muda wa kupigwa picha, akaivaa tena.

"Ulibaambia nini?" Clément aliuliza.

"Nilisema ni ya zamani, ya mbele ya vita. Kulikuwa muntu moja, ya suti ya abakosti ya kijivu. Hakupiga kelele hata kidogo. Aliangalia picha, akaangalia tena, akaniuliza: hii pazia iko ku studio gani? Nikasema sijui, Lucien alinipatia tu picha." Alimeza mate. "Sasa beko banazunguka studio zote. Papa Asani, habanitafute mimi, beko banatafuta hii."

Aliinyoshea kidole nchi ya nyuma ya kiti, kama mtu anayemwonyesha mwizi.

Asani alielewa kabla Clément hajafungua mdomo. Pazia lile lilikuwa jipya. Lilitundikwa vita vilipokwisha. Mtaa wote uliliona likipanda ukutani, na kuna wazee waliokuja kulitazama bure. Yeyote ambaye angejua umri wa pazia angejua pia umri wa picha. Wangejua kwamba Lucien hakuondoka, kwamba juzijuzi tu alisimama hapa amevaa shati lake la kazi, na barabara ya Kasumbalesa ingefungwa kabla lori halijawashwa.

"Tuichome," Clément alisema.

"Moshi itaita bantu," Asani alijibu.

"Basi tuikate, tuitupe ku choo."

"Nitaifunika," Asani alisema. "Kuko rangi nyeupe ya ukuta. Nipe fasi."

Clément alimtazama. Alikuwa mtu wa Kasai, msomi wa shule za mapadri, mwenye haraka katika kila jambo, ila safari hii hakubishana. Alikwenda dirishani akatoa picha zote za wateja zilizobandikwa hapo kama mfano, zile zilizopigwa mbele ya pazia jipya, akaziingiza chumba cha giza. Claudine alitoka kwa njia aliyoingilia.

Asani alikoroga rangi.

Alikuwa amefika Lubumbashi akiwa mtu mzima, na kazi aliyoipata ilikuwa ya kuandika majina ya maduka na kuchora ndoo, viatu na vichwa vilivyonyolewa kwenye kuta za vinyozi. Sura za watu hakuzipenda. Baba yake, aliyemfundisha Kurani, alimkataza, na katazo hilo lilimkaa mkononi. Lakini ndoto hazikatazwi. Kwa miaka mingi, kila alipolala, alirudi mahali pamoja. Mto Lualaba ulipita pale, mpana kuliko ulivyo, na ng'ambo yake haikuonekana. Ukingoni ilikuwapo nyumba ya mama yake. Nyuma ya nyumba, pasipo mshangao wowote, ulipanda mlima mweusi wa mabaki ya shaba wa hapa Lubumbashi, na bomba refu la kiwanda lisilotoa moshi. Kulia kulikuwa na daraja la reli la Kabalo. Kulikuwa na mwanga, na jua halikuwapo. Vitu ambavyo maisha yalivitenganisha kwa siku nyingi za treni vilisimama pale bega kwa bega, kama ndugu waliokutana msibani.

Clément alipomwambia achore pazia jipya, Asani alichora hapo. Alianza mvua zikiwa bado zinanyesha, akafanya kazi polepole, na vita vilimkuta katikati. Alitumia rangi kamili, ingawa picha zilitoka nyeusi na nyeupe na Clément alilalamika. Katikati aliacha pawazi, udongo mtupu wenye njia, ili mtu apate pa kusimama. Katika ndoto hapakuwa na mtu. Hapa walikuja: mabibi harusi, watoto wa ubatizo, mzee mwenye redio mpya mapajani. Asani aliketi pembeni akiwatazama wakiingia katika nchi yake mmoja baada ya mwingine, na alipata raha ambayo hakumwelezea mtu.

Sasa alianzia juu. Bomba lilikwenda kwa mpako mmoja. Mlima ulihitaji miwili. Mto ulimeza brashi nyingi, na kila alipopitisha, maji yaliendelea kuonekana chini ya weupe kama mshipa chini ya ngozi. Alipofika kwenye nyumba ya mama yake, mlango alioupaka asubuhi ukajibu: buluu mbichi iliingia katika nyeupe, ukatoka mstari wa rangi ya anga. Baridi ya kipupwe haikuwa imeruhusu rangi ya mafuta kukauka. Kuta za nyumba pia zilikuwa za wiki hiyo. Aliufuta mstari kwa kitambaa, akapaka rangi nzito juu yake, akangoja kuona kama utarudi. Haukurudi.

Daraja aliliacha mwisho. Lilikuwa la kwanza kuchorwa, na rangi yake ilikuwa imekauka zamani, ngumu kama mfupa. Alisimama mbele yake brashi inamdondokea kwenye kiatu.

"Papa Asani," Clément aliita kwa sauti ya chini kutoka dirishani. "Jeep."

Akalipaka.

Askari wawili walibaki garini. Aliyeingia alikuwa peke yake, mtu wa umri wa kati, abakosti ya kijivu iliyopigwa pasi vizuri, leso nyeupe mfukoni. Alisalimia kwa adabu. Alimwita Clément citoyen, yaani raia, akamwita Asani muzee. Kisha akavuta hewa puani, kwa maana chumba kizima kilinuka rangi.

"Munafanya kazi," alisema.

"Tunabadilisha pazia, citoyen," Clément alijibu.

Mtu yule alitoa picha mfukoni, akaishika mbele ya ukuta mweupe. Lucien alikuwa anatazama kamera, mikono imekakamaa, na nyuma ya bega lake daraja lilionekana wazi.

"Ni hii?"

Clément alifungua mdomo. Asani alimtangulia.

"Njo hii."

Alijishangaa. Lakini alikuwa ameona macho ya yule mtu: yalikuwa tayari yameshajua, yalikuwa yanangoja uongo wa kwanza ili yaanze kazi yao.

"Ulichora wewe?"

"Mimi."

"Lini?"

"Mwaka wa jana. Mvua ilikuwa inaanza."

"Huyu kijana alikuya lini?"

"Bantu ni bengi, citoyen. Mimi nachora tu, siangalie sura."

Mtu wa abakosti alikivuta kiti, akakaa, kama mteja. Alitazama picha muda mrefu.

"Hii daraja ni ya wapi?"

"Ya Kabalo."

"Na mulima?"

"Ya hapa. Ile ya kiwanda."

"Na nyumba?"

"Kasongo."

"Sasa ni fasi gani, muzee, inakuwa na bile bintu byote pamoja?"

"Haiko. Nikilala, naenda kule. Basi."

Clément alitazama sakafu. Mtu yule hakucheka. Aliinuka, akatoa leso yake, akaikunja vizuri mara mbili, akausogelea ukuta kwa upande wa kushoto. Alisimama hasa pale ulipokuwa mlango. Uso wake ulikuwa karibu na rangi kiasi kwamba pumzi yake ingeweza kuikausha.

"Umechora mwaka wa jana," alisema. "Na leo njo unafuta. Mbona leo?"

Leso ilikuwa inakwenda ukutani. Asani aliiona buluu kabla haijatoka. Aliiona kwenye ile leso nyeupe, aliona jeep ikigeuka, aliona lori la Mumba limesimamishwa barabarani na msaidizi mpya akishushwa. Alitafuta uongo, asiupate. Kitu pekee alichokuwa nacho mdomoni kilikuwa kweli, nacho hakuwahi kumpa mtu yeyote wa mji huu.

"Juu ya mutoto wangu," alisema.

Mkono ulisimama.

"Mutoto gani?"

"Feza. Muda ule ya uasi tulikimbia Kasongo, mimi na muke wangu na mama yangu na mutoto. Mama alibaki njiani. Tukafika Kabalo, mutoto iko na surua. Askari balikuwa ku daraja, balikatalia bantu kupita. Tulilala pale chini, ku mawe. Siku balifungua, tukapita, na nilikuwa namubeba mu mugongo. Muke wangu alikuwa nyuma. Njo yeye aliona. Mimi nilikuwa naongea naye bado, namuambia angalia maji." Asani alikuwa ameshatembea hadi upande wa kulia wa pazia, hakujua amefikaje. "Nilizani nikimuchorea fasi atatulia. Nikaacha hapa katikati wazi, asimame. Lakini banakuya bantu bengine tu. Kila siku bantu bengine. Nimechoka. Daraja iko hapa, citoyen. Pangusa hapa, utaiona."

Akaonyesha kwa kidole.

Mtu wa abakosti alitoka kushoto, akaja. Alipangusa pale alipoonyeshwa, taratibu, kama mtu anayesafisha kioo cha picha ya mzazi wake. Weupe ulitoka. Chuma cha daraja kilijitokeza, kwanza nguzo moja, kisha tao, kisha reli. Alipangusa mpaka daraja zima likawa wazi. Kisha akafunua leso, akaitazama pande zote. Ilikuwa na nyeupe juu ya nyeupe, basi.

"Nilizaliwa Kabalo," alisema.

Aliikunja leso tena.

"Upande ya stesheni. Tulikuwa tunaruka mu maji toka hapa." Aligusa nguzo. "Mama alikuwa ananipiga." Aliirudisha picha ya Lucien mfukoni na leso chafu juu yake. Alipogeuka, uso wake ulikuwa uleule wa alipoingia, wa adabu. "Hii daraja usifute tena, muzee. Ile ingine fanya unavyotaka. Daraja, nikirudi, niikute."

Jeep iliondoka. Clément aliketi kwenye kiti cha wateja akaweka kichwa kati ya magoti.

Nyumbani, Asani alimkuta mkewe Amida uani, anachekecha unga. Alikaa kwenye kigoda karibu naye. Vumbi jeupe la unga lilikuwa limempaka mama huyo nyusi.

"Leo nimetaja jina ya Feza," alisema.

Chekeche lilisimama. Tangu Kabalo, wote wawili walikuwa wamelipita jina hilo kwa mbali, kila mmoja kwa njia yake.

"Kwa nani?"

"Kwa muntu ya serikali."

Amida alimwangalia. Kisha aliendelea kuchekecha, kwa nguvu kuliko mwanzo, na unga mwingi ulimwagika nje ya ungo bila yeye kuuokota. Baadaye sana, akiwa amegeuka upande wa moto, aliuliza: "Ulimuambia alikuwa anaimba?"

"Hapana."

"Basi hiyo imebaki yetu."

Lori la Mumba liliondoka alfajiri. Asani alilisikia likipita mtaani, injini ikikohoa kwa baridi, na hakutoka kulitazama.

Kisha ukaja muda mbaya, muda wa kutojua. Mumba kwa kawaida alikwenda na kurudi ndani ya wiki, lakini Kasumbalesa foleni ya malori ilikuwa ndefu, au walisema ni ndefu, na wengine walisema madereva wamekamatwa. Claudine alipita mbele ya studio kila siku akienda kwa fundi mwenzake, akitazama mbele, asiingie. Mtu wa abakosti ya kijivu alirudi. Alikuja mchana mmoja bila jeep. Alikivuta kiti, akakigeuza kuelekea ukutani, akakaa akilitazama daraja lililoning'inia peke yake katika ule weupe, halina mto chini yake, halina pa kutokea wala pa kwenda. Hakuuliza kitu. Amri yake ilikuwa imetekelezwa. Baada ya muda aliaga, akaenda.

Alirudi tena, na tena. Wateja walimkuta pale wakageuka mlangoni. Clément aliyatafuta macho ya Asani, na Asani alimletea mgeni chai, kwa kuwa hakujua la kufanya na mtu anayekaa hivyo. Wakati mwingine mtu yule alisimulia jambo moja dogo la Kabalo, samaki fulani, mwalimu fulani mkali. Wakati mwingine aliuliza, katikati ya samaki, kama muzee amekumbuka kijana yule alikuja mwezi gani. Asani alijibu kwamba hakumbuki. Hakupata kujua hata siku moja kama mtu huyu alikuja kwa ajili ya daraja au kwa ajili ya Lucien, na aliogopa kwamba huenda hata mwenyewe hajui. Usiku, mahali pale alipozoea kurudi, sasa palikuwa na mtu. Alisimama darajani, mgongo umegeuka, nguo ya kijivu.

Mtu wa abakosti alikuwapo studio siku Mumba aliporejea.

Dereva aliingia na vumbi la njia nzima mabegani. Alikuwa mtu mkubwa, wa vicheko, na alianza kusema kitu akiwa bado mlangoni. Aliiona abakosti. Meno yalibaki nje, cheko likatoka usoni.

"Jambo, papa Asani," alisema.

"Jambo, Mumba. Umekawia."

"Barabara. Basi niko." Alikuwa na kopo chini ya kwapa. Aliliweka mezani, karibu na birika la chai. "Rangi yako ile uliniagiza. Ilifika muzuri. Haikumwagika hata kidogo."

Asani hakuwa amemwagiza rangi.

"Aksanti," alisema. Kilichofika hakikuwa rangi. Clément, aliyekuwa anakata picha kwa mkasi, alikata sura ya mteja katikati, akaendelea kukata.

Mgeni aliyekaa kitini alitazama kopo, akamtazama dereva, akalitazama tena kopo.

"Rangi gani?" aliuliza.

Mumba alikuwa ameshafika mlangoni. "Muzee atafungua," alisema, akatoka, na hatua zake zilisikika zikijizuia kukimbia.

Asani alichukua bisibisi, akabandua kifuniko. Ilikuwa kijani, kali, ya majani yaliyonyeshewa, rangi ambayo yeye asingeichagua hata kidogo. Ilikuwa imejaa hadi ukingoni na imetulia tuli, inang'aa. Alijua kwamba anatazamwa. Mtu aliyengoja rangi kutoka Zambia kwa muda wote huo hawezi kuifunika na kuiweka kando.

Alichukua brashi, akaichovya, akasimama mbele ya weupe. Nyuma yake kiti kililia; mtu wa abakosti alikuwa amekisogeza karibu.

Asani alipeleka mkono hadi pale reli za daraja zilipoishia, upande wa ng'ambo, upande ambao hakuwahi kuuchora wala kuuona akilala.

"Kule kunakuwa nini?" sauti iliuliza begani kwake.

Brashi iligusa kitambaa. Ulitoka mstari mmoja, mwembamba, umeinama kidogo.

"Majani," Asani alisema. "Kwanza majani."

Rangi ilikuwa nyingi. Tone lilijikusanya chini ya mstari, likaanza kushuka peke yake juu ya weupe, naye akaliacha lishuke.